Ukoo Mrefu wa Kitunguu Saumu

Asubuhi ya mazishi ya baba mkwe wangu, Mzee Akonaay, nilipewa kazi ya kumenya vitunguu saumu. Wanaume wa kijiji cha Tlawi walikuwa wanachimba kaburi, vijana wanapasua kuni, na mimi, mwenye mgongo mbovu na viatu vya mjini, nilikuwa nazunguka ua nikitafuta kitu kinachofanana na kazi. Shangazi Yuliana, dada wa marehemu, ambaye siku hizi haoni vizuri lakini hakuna kinachompita, aliniita kutoka alipokaa karibu na jiko la nje. "Mwalimu, wewe njoo hapa. Si ndivyo ulivyosomea hivi?" Akanisogezea sinia. Wanawake wakacheka kicheko cha msibani, kile kinachozibwa na kiganja. Nikakaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, nikaanza kumenya. Ilikuwa mwezi wa sita, ukungu haujanyanyuka, na kwenye matuta yaliyoteremka nyuma ya nyumba vitunguu vyenyewe vilikuwa vimesimama wima kwa safu, vya kijani, vimelowa, kama wanafunzi waliopangwa mstarini na mwalimu asiyetaka mchezo. Zamani nyumba hii haikuvila. Iliviotesha, ikavikausha, ikavisuka mafungu, ikaviuza, chunguni havikuingia. "Hatuli hela," Mzee alikuwa akisema. Sasa vinaingia kwenye pilau ya msiba wake, na anayevimenya ni mtu ambaye karibu akose mke kwa sababu ya vitunguu hivyohivyo.

Mwaka ninaotaka kuusimulia ni ule ambao watu wa Mbulu walilala wakiwa Mkoa wa Arusha wakaamka wakiwa Mkoa wa Manyara. Kwa macho hakuna kilichobadilika. Baridi ilikuwa ileile na barabara zilikuwa zilezile, ila wakubwa wa ofisi walianza kutaja Babati kwa sauti ya heshima ambayo hapo awali walikuwa wameihifadhi kwa ajili ya Arusha. Nilikuwa mwalimu wa biolojia katika shule moja ya sekondari karibu na Endagikot, nimetoka chuo kikuu si muda mrefu, na nilikuwa na imani kwamba watu wa milimani walikuwa wamekaa miaka yote wakinisubiri niwaeleze mambo. Nilipanga chumba kwenye nyumba ya bati yenye vyumba viwili na sebule moja. Chumba cha pili alikaa Ramadhani, bwana afya kutoka Kondoa, mtu mnene, mpole, aliyekagua vyoo vya kata nzima na aliyependa chakula kuliko binadamu yeyote niliyewahi kumfahamu. Sebuleni tulikuwa na meza, viti viwili visivyolingana, jiko la mchina lililonuka mafuta ya taa, na redio yake, iliyofungwa kwa raba ili betri zisidondoke. Ramadhani ndiye aliyepika. Mimi nilitoa maoni. Kila jioni aliponda kitunguu saumu kwa kitako cha chupa, akakitupa kwenye mafuta, na nyumba nzima ikageuka kuwa mahali pa kustahili kukaa.

Redio hiyo ndiyo iliyoleta matatizo. Wakati ule habari za jenomu ya binadamu zilikuwa bado mbichi: kwamba wanasayansi wamesoma karibu urithi wote ulioandikwa ndani ya seli ya mtu, herufi kama bilioni tatu, na kwamba idadi ya jeni zilizopatikana ni ndogo kuliko walivyotarajia. Wengi walidhani tungekuwa na jeni laki moja, kama inavyompasa mfalme wa viumbe; hesabu za kwanza zikaleta kama thelathini elfu, na baadaye zikazidi kushuka. Kijinyoo cha udongoni, ambacho hata kukiona kwa macho ni tabu, hakikuwa mbali sana na sisi. Ramadhani alisikiliza habari ile huku akikoroga mchuzi. "Thelathini elfu," alisema. "Na vyoo hawachimbi." Mimi nilisikiliza kwa furaha ya mtu aliyekwisha kujua. Chuoni tulikuwa tumefundishwa jambo la kufurahisha zaidi: kwamba ukiacha kuhesabu jeni ukapima urefu wa maandishi yote, binadamu hayuko hata karibu na kileleni. Ngano inatuzidi kama mara tano. Kitunguu saumu kinatuzidi mara tano na zaidi. Kuna samaki wa matopeni anayepumua hewa ambaye sisi mbele yake ni kama kijitabu. Kwa nini iwe hivyo ni swali ambalo hata leo halijaisha, ingawa sehemu kubwa ya jibu ni kwamba maandishi hayo marefu yamejaa marudio, vipande vilevile vilivyonakiliwa tena na tena, kama hotuba ya mgeni rasmi.

Nikaenda darasani na kamba ya katani. Nadhani kila mwalimu kijana ana somo moja ambalo analipenda kwa sababu linamfanya aonekane, na hilo lilikuwa langu. Nikawaambia kidato cha tatu: kila mmoja wenu amebeba ndani yake urithi wa mababu zake wote, umeandikwa mstari mmoja mrefu. Huu hapa ni wa binadamu. Nikanyoosha kamba kutoka ubaoni, ikaishia mlangoni. Na huu, nikasema, ni wa kitunguu saumu. Kamba ya pili ikapita mlangoni, ikakata uwanja, ikazunguka mlingoti wa bendera, ikaenda kukoma karibu na choo cha wavulana, huku darasa zima likiikimbilia nyuma na shule nzima ikichungulia madirishani. Mkuu wa shule alitoka ofisini, akaitazama kamba, akanitazama mimi, akarudi ndani. Nilihesabu hayo kuwa mafanikio.

Ambacho sikukijua, kwa sababu sikuwa nimeuliza, ni kwamba niliwaambia maneno "urithi wa mababu" na "mrefu" watoto wa Wairaqw, wenyeji wa milima ile, ambao kwao mtu hana urefu wa mwili tu. Ana urefu wa mababu. Mzee wa Kiiraqw anayejiheshimu anaweza kukaa kwenye kigoda akakutajia baba yake, baba wa baba yake, na kuendelea kurudi nyuma mpaka chai ipoe. Ukoo mrefu ni heshima, ni haki ya shamba, ni sababu ya kusikilizwa. Kwa hiyo jioni ile, katika nyumba nyingi kati ya Endagikot na Tlawi, mtoto alirudi nyumbani akasema kwamba mwalimu wa biolojia amepima kwa kamba akaona kitunguu saumu kina mababu wengi kuliko sisi.

Nilianza kusikia mambo. Kwenye mashine ya kusaga, nikiwa nimesimama na debe langu la mahindi, mama mmoja alimwambia mwenzake kwa sauti ambayo alidhani kelele ya injini inaifunika: "Ndiye huyu?" "Ndiye." "Anaonekana mzima." "Labda ni kwao tu ndiko vitunguu vinawazidi." Nikapewa jina, Mwalimu Saumu, na jina hilo lilinitangulia kila nilikokwenda. Ila kuna waliofaidika. Ule ulikuwa wakati wa soko huria. Si lazima tena kupeleka mazao ushirika, na yeyote mwenye lori aliweza kupanda mlima na kununua. Wafanyabiashara walitoka Arusha, wengine ng'ambo ya mpaka, wakisimama katikati ya mafungu ya vitunguu na kuyapiga teke kidogo kama watu wanaonunua matairi. Nilimsikia kwa masikio yangu kijana mmoja wa Endagikot akimwambia mnunuzi: "Kaka, acha kuvipima kama viazi. Hivi vina ukoo kukuzidi wewe. Muulize mwalimu yule pale." Mnunuzi akageuka kunitazama. Nikajifanya natazama ng'ombe.

Siku ya Jumamosi, tukiwa tunakula, mlango ukabishwa na mwanamke akaingia kabla hatujamaliza kusema karibu. Alikuwa amevaa koti la kiume na raba, na alikuwa mwalimu wa shule ya msingi. Nilikuwa nimemwona kwenye semina moja, akiuliza maswali yaliyomfanya mtoa mada anywe maji. Jina lake Restituta. "Samahani kwa chakula," alisema. "Nani kati yenu aliyesema baba yangu amezidiwa na kitunguu?"

Ramadhani, ambaye si mtu wa kufa na rafiki, alininyooshea kijiko.

"Sikumtaja baba yako," nikasema.

"Umetaja watu. Baba yangu ni mtu. Tangu wiki iliyopita hali vizuri. Anakaa anahesabu mababu, akifika mwisho anaanza upya, kama kuna aliyemsahau. Jana amesema, 'Kitunguu hicho nilikiona kikifika hapa. Nilikuwa kijana. Kilikuja kwenye gunia juu ya punda. Sasa kimepata wapi mababu?'"

Nilicheka. Yeye hakucheka. Akavuta kiti changu, kwa kuwa nilikuwa nimesimama, akakaa, akasema, "Haya, nieleze, ila unieleze mimi, siyo ubao." Nikachukua maharage ya Ramadhani yaliyokuwa yanasubiri kuchaguliwa, nikayapanga mezani, safu ya mtu na safu ya kitunguu, nikamwonyesha jinsi kipande kilekile kinavyojirudia na kujirudia katika safu ndefu. Alitazama kwa muda. "Kwa hiyo urefu wenyewe si kitu," alisema. "Si kipimo cha ukubwa wa kiumbe," nikasema. "Hilo ndilo ungesema kwanza," alisema, "kabla ya kwenda na kamba mpaka chooni." Kisha akala nasi. Ramadhani alimtazama akila, na alipoondoka akaniambia, "Yule amekula mpaka kitunguu. Oa."

Alirudi, mara kwa sababu ya maswali, mara kwa sababu ya pilau, na baadaye bila sababu, na hapo ndipo nilipojua kwamba mambo ni mazito. Tulikaa mlangoni jua likizama nyuma ya mikaratusi, tumevaa makoti yetu mawili, tukanywa chai ya maziwa yenye tangawizi nyingi. Siku moja alinieleza kinachomsumbua baba yake. Mzee Akonaay hakuwa na mtoto wa kiume. Alizaa wasichana, wakaolewa, na watoto wao ni wa koo za baba zao. Restituta ndiye aliyebaki. Mama yao alikwisha kufariki na Mzee alikataa kuoa tena. "Anajua majina mengi kuliko mzee yeyote wa Tlawi," alisema. "Na yeye ndiye jina la mwisho. Nikiolewa na mtu wa hapa, ndiyo basi. Wameshakuja wawili kuniposa. Wote amewapa chai akawarudisha. Watu wanasema ana kiburi. Siyo kiburi. Anaogopa kufunga mlango mwenyewe." Kisha akasema, "Na wewe ukamletea kitunguu ambacho hakijawahi kukosa mrithi."

Ningekuwa na akili ningeahirisha kuposa. Badala yake, baada ya mavuno, mimi na Ramadhani tulipanda lori kwenda mnadani Katesh kutafuta blanketi la posa, kwa sababu Ramadhani aliamini kwamba blanketi la Katesh ni zito kuliko la Mbulu. Ndugu zangu walikuwa mbali, Uluguruni, na hakuna aliyekuwa na nauli wala hamu ya kupanda kwenye baridi ile. Hivyo mshenga wangu akawa bwana afya Mwislamu kutoka Kondoa, anayetumwa na Mkatoliki kutoka Morogoro kwenda kwa Mwiraqw wa Tlawi. "Hata serikali haikupanga hivi," alisema Ramadhani. Njia ilipita kwenye mashamba makubwa ya ngano ya Hanang, yaliyokuwa ya serikali na wakati huo yakizungumzwa habari za kubinafsishwa. Mabua yalifika mpaka chini ya mlima, na mitambo mingine ilikuwa imesimama katikati yake, ina kutu, majani yamepanda mpaka kwenye usukani. Nilimwambia kwamba ngano ile nayo ina jenomu ndefu kama mara tano ya yetu, kwa sababu ilitokana na nyasi tatu tofauti zilizoungana, na kila moja ikaja na mzigo wake wote. Ramadhani alitazama mashamba kwa huzuni. "Usiseme tena," alisema. "Umeshatutia mashakani na vitunguu, utatukosesha na mkate." Tulinunua blanketi, la kijivu lenye mistari myekundu, na debe dogo la asali, na tukarudi tumelikalia blanketi kwa zamu.

Nyumba ya Mzee Akonaay ilikuwa na bati mbele, lakini nyuma alikuwa ameacha tembe la zamani, lile lenye paa bapa la udongo, na humo ndimo alimopokea watu wa maana. Ulishuka hatua moja kuingia. Ndani kulikuwa na giza la kahawia, moshi, harufu ya maziwa na ya ng'ombe, na ng'ombe wenyewe walikuwa upande wa pili wa nguzo, wanatafuna. Kwa desturi mposaji hakai kwenye mazungumzo kama hayo, lakini Shangazi Yuliana, ambaye ndiye aliyeshika nyumba ile tangu mama yake Restituta afe, alikuwa amesema hawezi kumjadili mtu ambaye hajamwona meno. Nikakalishwa. "Shikamoo mzee." "Marahaba." "Shikamoo shangazi." "Marahaba. Kumbe mfupi." Mzee alianza kwa slufay, ile sala ndefu ya Wairaqw, akiomba mvua, nyasi, watoto, amani ya mpakani, na wale wazee wawili wa jirani waliokuja kushuhudia wakamwitikia kwa mguno mwisho wa kila mstari. Sikuelewa neno hata moja, ila nilielewa kwamba ananyoosha kamba yake.

Ramadhani alisema vizuri. Alisema kuna ndama ameonekana katika zizi hili, na kijana wake anaomba kumchunga. Mzee alimsikiliza mpaka mwisho. Kisha akanigeukia.

"Wewe ndiye wa kitunguu."

"Ndimi, mzee."

"Haya. Nitajie baba zako."

Huu ndio mtihani niliouogopa kuliko wowote wa chuo. "Baba yangu ni Petro," nikasema. "Petro ni mwana wa Kibwana." Nikatafuta kichwani. Ng'ombe akashusha pumzi. "Kibwana..." nikasema, na hapo nikakwama.

"Basi?" akauliza Mzee.

"Basi, mzee."

Wale wazee wawili wakatazamana. Shangazi Yuliana akamwaga chai kwenye kikombe changu kwa huruma ya mtu anayempa maji aliyehukumiwa. "Huyu kamba yake imeishia mlangoni," alisema.

Ninajua jinsi nilivyoonekana, kwa sababu Restituta alikuwa anachungulia kwenye ufa wa ukuta na amekuwa akiniigiza kwa watoto wetu tangu wapate akili. Anasema nilikuwa kama mbuzi aliyeulizwa njia. Katika aibu ile nikasema kitu ambacho sikukipanga, kwa hasira kidogo, kama mtu anayedai haki yake dukani. "Mzee, kwetu hatuhesabu kwa baba. Kwetu mtu ni wa ukoo wa mama yake. Ukiniuliza hao, ninao." Na nikawataja, mama, mama wa mama, mama wa huyo, kama bibi alivyonifundisha nikimsaidia kuchambua mboga, nikaenda nyuma mpaka mmoja wa wale wazee akaacha kikombe hewani.

Mzee Akonaay akasogeza kigoda chake karibu. Kisha akauliza polepole, kwa Kiswahili chake kilichokanyaga kila neno: "Na watoto?"

"Watoto gani, mzee?"

"Watakaozaliwa. Na huyu binti. Kwa desturi yenu wanakuwa wa nani?"

"Wa ukoo wa mama yao."

"Rudia."

"Wa mama yao, mzee. Wa Restituta." Na kwa kuwa bado alikuwa ananitazama, nikaongeza, "Wa kwako."

Akainuka. Akashika fimbo yake akatoka nje, na tukamsikia akizungumza na ng'ombe ambao hawakuwa nje. Nilimtazama Ramadhani, Ramadhani alitazama blanketi, kama anayejiuliza iwapo duka litalipokea tena. Wazee wakanong'onezana kwa lugha yao. Shangazi hakunong'ona. "Watoto kwa mwanamke?" alisema kwa Kiswahili, ili nisikie. "Watu watacheka. Watasema Akonaay ameishiwa mpaka ameazima desturi ya porini." "Siyo porini, ni Morogoro," akasema Ramadhani kwa upole. "Ni mbali?" "Mbali." "Basi ni porini."

Mzee aliporudi macho yake yalikuwa mekundu, na kwa kuwa tembe lilikuwa na moshi, hakuna aliyelazimika kuona. Akakaa. Akaniuliza habari za kitunguu, kana kwamba ndicho alichokuwa amekwenda kukifikiria. "Kile kinazaliwaje? Nyinyi vitabuni mnasemaje?"

"Hakizaliwi kwa mbegu, mzee. Unachukua punje kwenye kichwa, unaiotesha, inakuwa kichwa kingine. Mwana ni mama yuleyule."

"Baba hana?"

"Hana."

Akawageukia wale wazee na kuwaambia kwa Kiiraqw, kisha akarudia kwa Kiswahili kwa ajili ya wageni: "Mnasikia. Kitunguu kinapita kwa mama. Ndiyo maana ukoo wake ni mrefu kuliko wa mtu. Mwalimu amepima."

Sasa, hiyo si kweli. Urefu wa jenomu ya kitunguu saumu hauhusiani na kupita kwa mama. Ni yale marudio, vipande vilivyojinakili vyenyewe, na ngano, ambayo ina mbegu na ina baba, ni ndefu vilevile. Nilifungua mdomo. Nilikuwa na shahada, nilikuwa na miaka ishirini na kitu, na kosa la kisayansi lilikuwa limekaa mbele yangu kwenye kigoda. Kisigino cha Ramadhani kikashuka juu ya vidole vyangu na uzito wote wa pilau ya mwaka mzima. Nikafunga mdomo. Wale wazee walifikiri. Mmoja akakuna kidevu akasema kwamba ni kweli, yeye mwenyewe hajawahi kuona kitunguu saumu kikikosa mtoto. Mwingine akaguna mguno uleule wa slufay. Shangazi Yuliana alitazama watu wote, mmoja mmoja, kisha akafungua debe la asali, akachovya kidole. "Ya Katesh," alisema. "Si mbaya." Hivyo ndivyo nilivyojua kwamba nimekubaliwa.

Miaka kadhaa baadaye, binti yetu akiwa amekwisha kuanza kutembea, nilikuwa nimekaa na Mzee tukitenganisha punje kwa ajili ya kuotesha, yeye akizirusha kikapuni bila kutazama na mimi nikizikagua kama daktari, nikaona sasa naweza kumweleza ukweli. Nikamweleza habari za marudio, na ngano, na samaki wa matopeni. Nikamwambia kwamba urefu haukutokana na mama. Alinisikiliza akiendelea na kazi. "Mwalimu," alisema mwishoni, "unafikiri siku ile nilikuwa nauliza habari za kitunguu? Nilikuwa nimeshakubali nikiwa kule nje. Lakini nikirudi ndani niwaambie watu nini? Kwamba Akonaay ameamua tu? Wangecheka mpaka kaburini. Nilihitaji kitu kilichopimwa." Akaokota punje moja kutoka kwenye fungu langu, akaigeuza ncha juu. "Na wewe ulikuwa umeshatuletea kamba."

Nimeandika makala nyingi tangu wakati ule, nyingi zikiwa na hakika kuliko nilivyostahili, na mara nyingi nimejiuliza kwa nini jambo lile la vyuoni, kwamba binadamu si mrefu kuliko viumbe vingine, liliwaumiza sana wenye elimu. Tulitaka tuwe kitabu kinene. Mzee Akonaay alitaka kitu kidogo zaidi na kigumu zaidi: kwamba mstari usikatike. Alimfundisha binti yetu majina yote alipokuwa anapelekwa Tlawi likizoni. Alimfundisha wakipalilia, wakikamua, wakisubiri mvua ipite, na mtoto alirudi kwetu Dodoma, tulikokuwa tumehamia, anayaimba bafuni, majina ya wanaume waliokufa kabla ya barabara. Tulimpa jina la Yuliana, la shangazi. Ramadhani, ambaye amestaafu na kurudi Kondoa na sasa hivi anakula kwa amri ya daktari, huniuliza kwenye simu kila mara kama mtoto bado anayakumbuka, kwa sauti ya mtu mwenye hisa.

Walipomaliza kusoma wasifu wa marehemu pale kaburini, mzee mmoja wa ukoo alisimama akauliza, kama ilivyo desturi, nani atakayewataja baba zake. Watu wakainamisha vichwa, maana kila mtu alijua kwamba nyumba ile haikuwa na mwana wa kiume. Binti yetu Yuliana alisogea mbele kwa koti lake jeusi. Alianza kule mbali, kwa yule wa kwanza ambaye hakuna anayejua alikotoka, akashuka taratibu, jina kwa jina, na waombolezaji wakaanza kumwitikia kwa mguno, kwanza wachache, kisha wote. Nilipoteza hesabu, kama siku zote. Akafika kwa Baran, akafika kwa Margwe, akafika kwa Tluway. "Tluway akamzaa Akonaay," alisema, na sauti ikamkatika, akaisubiri irudi. "Akonaay akamzaa Restituta. Restituta akanizaa mimi."

Watu wakatazamana, kuona kama mguno utatoka au hautatoka. Nyuma yangu kijana mmoja alimnong'oneza baba yake: "Mbona ameweka mwanamke?" Na baba yake, mkulima ambaye simfahamu, akamjibu bila kufikiri, kama mtu anayeeleza jambo linalojulikana na kila mtu: "Ndivyo ukoo unavyokuwa mrefu. Hata kitunguu saumu ni hivyo. Walishapima." Kisha akaguna, na walio karibu naye wakaguna, na mguno ukazunguka kaburi. Nikageuka nusu, mdomo wangu umeshafunguka. Restituta alinishika mkono, ule uliokuwa bado unanuka vitunguu, akaubana, nami nikaguna pamoja na wengine.